Aliyebaki Kwenye Puto

Mama yangu alikuwa akituhesabu watoto wake kuanzia mbili. Tukiingia kwenye gari, tukilizunguka sinia la wali, anatugusa vichwa mmoja mmoja: mbili, tatu, nne, tano. Mimi ndiye niliyekuwa mbili. Nilikua nikidhani kina mama wote wanahesabu hivyo, mpaka siku mwalimu wangu wa kwanza aliponiambia nihesabu kalamu zangu mbele ya darasa, nikaanza na mbili, wenzangu wakaangua kicheko. Niliporudi nyumbani nikamuuliza baba. Alinitazama mpaka nikaona haya, kisha akaniambia nikale.

Moja alikuwa kaka yangu. Tulipoondoka Ujiji mimi nilikuwa na miaka minne, na mdogo wangu alikuwa mgongoni mwa mama. Kaka alikuwa na miaka minane, naye alikuwa kwa bibi mzaa mama, kijiji cha mbali kidogo kando ya ziwa, anaumwa surua. Ilisemwa kwamba akipona ataletwa. Tulipofika Oman, nchi ya mababu zake, baba aliitwa ofisini kuandikisha familia. Karani akamwambia wataandikwa walio mbele yake tu, na mwenye wengine nje, faili lake lisubiri mpaka waje. Baba aliona kusubiri ni kurudishwa. Akala yamini kwamba hawa ndio wanawe wote.

Alifikiri ni mambo ya mwezi mmoja, halafu atatafuta njia. Lakini bibi alihama, barua hazikujibiwa, na yamini ikabaki pale kwenye faili. Baba hakuwa mtu wa kusema uongo hata sokoni, na ule mmoja aliusema kwa jina la Mungu. Jina la kaka halikutajwa tena nyumbani kwetu, katika mji mdogo wa Samad, wala siku baba alipokufa. Ila mama aliendelea kuhesabu vilevile, na sisi tulizoea kuwa na mtu asiyeonekana anayepanda gari kabla yetu.

Mimi nikawa mwalimu wa fizikia katika shule ya wasichana mjini Ibra. Miaka ya tisini nilipelekwa Uingereza kwa mafunzo ya kiangazi, na siku ya mapumziko, wenzangu walipokwenda madukani, mimi nikaenda makumbusho ya ndege. Nilikuwa mtu wa namna hiyo. Nikarudi na kitabu chembamba kilichoeleza jinsi jeshi la Waingereza lilivyoanza kupaa, na kikanitia wazimu.

Walianza na maputo yaliyofungwa kwa kamba, askari kikapuni akimchungulia adui kwa darubini. Walikwenda nayo mpaka Sudan na kusini mwa Afrika, gesi ikiwa imeshindiliwa ndani ya mitungi ya chuma. Wakaja na tiara, yaani vishada vikubwa vya kumnyanyua mtu, kisha puto refu lenye injini, na mwisho ndege ya mbao na kitambaa. Wakubwa wengine wa jeshi waliona farasi wanatosha. Mimi kilichonishika ni ngozi. Yale maputo yao bora hayakuwa ya nguo wala mpira. Yalitengenezwa kwa utando wa utumbo wa ng'ombe, ule mfuko mrefu uliozibwa upande mmoja, mahali utumbo mwembamba unapokutana na mpana. Vipande kwa maelfu viliunganishwa bila uzi wala gundi, na waliojua siri hiyo walikuwa familia moja ya wahamiaji. Jeshi zima, na mizinga yake, likawategemea wanawake wanaoosha matumbo.

Nikakata shauri kwamba siku ya sayansi wanafunzi wangu wataona puto la namna hiyo. Na kuosha matumbo nilijua pa kwenda. Kila Idi ya kuchinja, mtaa mzima ulimletea mama mabeseni, maana hakuna aliyekuwa na mkono kama wake.

Lakini kabla ya Idi ilifika barua. Aliileta msafiri mmoja aliyetoka Kigoma. Mama alisoma herufi za Kiarabu tu, kwa hiyo nilimsomea mimi. Kaka alikuwa hai. Alikuwa amekulia ng'ambo ya ziwa, vita vikamfukuza, sasa yuko Kigoma na wanawe, na kila ofisi inamuuliza yeye ni mtu wa wapi. Hakuomba fedha. Aliomba mama asimame mbele ya kadhi aseme, huyu ni mwanangu na mwana wa mume wangu, ili naye apate hati. Mama aliichukua barua, akaikunja, akaiweka chini ya msahafu. Wiki mbili hakuifungua tena. Nilijua kinachomla. Akisema ndiyo, amemfanya marehemu kuwa aliyeapa uongo. Akinyamaza, amempoteza mtoto mara ya pili.

Siku ya pili ya Idi tulikaa barazani na mabeseni yetu. Nilimsomea mama habari ya ile siri ya familia. Akacheka, mara ya kwanza tangu barua.

"Siri gani hii, binti yangu? Kila anayeosha matumbo anajua. Ngozi hizi zikiwa mbichi, ukizilaza hivi na kuzisugua zinagandana. Wallahi hata kwa kisu huzitoi."

Akanionyesha juu ya kitako cha sufuria. Utando juu ya utando, kidole gumba kikisugua polepole, na mahali pa kuungana hapakuonekana tena. Nilijisikia mjinga na mwenye furaha.

"Na hao waliopanda," akauliza, "hawakuogopa?"

Ndipo nikamsimulia ajali moja iliyotokea kabla ya hizo ngozi, wakati maputo yalipokuwa bado ya nguo. Watu watatu walipaa kupima hali ya hewa, mmoja wao afisa wa jeshi. Upepo ukawasukuma kuelekea baharini. Afisa akafungua gesi ili watue kabla ya ufuo, kikapu kikapiga chini kwa kishindo, akaanguka nje akiwa bado ameshika kamba. Wa pili naye akaanguka, akavunjika mguu. Wa tatu akabaki kikapuni. Puto, kwa kupoteza uzito wa wawili, likaruka juu ghafla, kamba ikapita viganjani mwa yule afisa mpaka ikamchuna. Likaenda na mtu wake juu ya bahari. Walimtafuta kwa meli siku nyingi, mwili wake hawakuuona.

Mikono ya mama ilikuwa imesimama ndani ya beseni.

"Kwa hiyo waliposhuka wao ndipo alipochukuliwa yeye."

"Ndiyo, mama. Ni uzito tu. Sheria ya—"

"Na yule wa kamba, viganja vilichunika?"

"Vilichunika."

"Basi huyo alau alishika." Akatoa mikono majini, akaikausha kwa leso taratibu, kidole kwa kidole. "Ofisi zikifunguliwa, nipeleke kwa kadhi."

Kadhi wa Ibra alikuwa mzee mpole. Mama alisimama, akakataa kiti. Alitaja jina la kaka kwa sauti, jina ambalo sikuwa nimelisikia kinywani mwake kwa miaka zaidi ya ishirini. Akasema, "Mume wangu aliapa uongo kwa hofu, Mungu amsamehe, na mimi nilinyamaza kwa hofu, Mungu anisamehe." Nilimwonea fahari na nilitaka ardhi inimeze.

Kadhi alisema maneno ya mama yamesikika, lakini baba ameapa vingine na hayupo wa kuulizwa. Anataka shahidi mwingine, aliyemwona mtoto huyo akilelewa na baba yake. Bibi alikwisha kufa. Ndugu zangu wengine hawakuwa wamezaliwa, na yule mmoja alikuwa mgongoni. Nilibaki mimi.

"Wewe mwalimu," akasema, "unamkumbuka ndugu yako?"

Namkumbuka. Nakumbuka mlango wa bibi, nimezuiwa nisiingie nisije nikaambukizwa. Nakumbuka kitanda cha kamba na kichwa kilichojaa vipele kikitokeza kwenye shuka. Baba alikuwa amepiga magoti kando yake, anampa maji kwa kijiko, anamwita mwanangu. Kaka alinitolea ulimi ili nicheke, nami nikacheka. Ndiyo kumbukumbu yangu ya kwanza kabisa duniani, sina nyingine nyuma yake.

"Lakini fahamu," kadhi akaendelea, "ukisema ndiyo, umeshuhudia kwamba marehemu baba yako alikula yamini ya uongo."

Kwenye benchi la nyuma walikaa wanaume wa mtaani, mmoja wao baba wa mwanafunzi wangu. Nikamfikiria baba, aliyepigana na ndugu zake wote ili mimi nisome, aliyenipeleka chuoni kwa gari lake bovu na kunisubiri juani mpaka nimalize kuandikishwa. Mama alikuwa amekwisha kusema la kwake.

"Sikumbuki, sheikh," nikasema. "Nilikuwa mdogo."

Ombi likakataliwa. Tulirudi Samad. Nilikuwa nikingoja anilaumu, na angenilaumu ningepumua. Tulipokaribia nyumbani akaniwekea mkono begani, akasema, "Usijitese, mwanangu. Mtoto wa miaka minne atakumbuka nini?"

Aliamini hivyo mpaka mwisho. Puto tulilimalizia pamoja, likaonyeshwa shuleni, likasifiwa, nami sikuweza kulitazama. Mama alifariki mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili, bila kumwona tena mwanawe wa kwanza. Nilikuwa na nafasi nyingi za kumwambia ukweli. Kila siku nilijiambia kesho.

Simu za mkononi zilipoenea, kaka alipata namba yangu. Alipiga siku ya Idi, adhuhuri, nyumba imejaa wageni. Nikatoka uani.

"Shikamoo kaka."

"Marahaba," akasema, na nikamsikia analia.

Aliuliza mama alizikwa wapi, nikamweleza. Kisha akauliza kama ni kweli alisimama mbele ya kadhi kwa ajili yake.

"Alisimama," nikasema. "Alikutaja wewe na baba kwa majina, mbele ya watu."

"Na wewe? Nimesikia nawe uliitwa."

"Niliitwa," nikasema. "Hawakutosheka."

Akanishukuru. Akaniambia kwamba hati si kitu, kwamba yeye miaka yote alichotaka kujua ni kama kuna mtu huku anayemkumbuka, na sasa amejua walikuwa wawili. Tangu hapo hupiga kila Idi, ananitakia heri, ananiombea kwa Mungu anilipe kwa siku ile ya kadhi. Mimi huitikia amina.