Maharage ya Mwalimu Kasiani

Maharage yakichemka kwa maji na chumvi tu, bila kitunguu wala mafuta, yana harufu ya udongo uliolowa. Wengine hawaisikii. Mimi nikiisikia huondoka jikoni, na wanangu wamezoea kumalizia kazi niliyoiacha. Wanadhani mama yao anachagua chakula. Sijawahi kuwaambia sababu, lakini ninyi wapita njia nitawaambia, kwa kuwa kesho asubuhi mtaondoka na hatutatazamana usoni tena.

Nilikuwa darasa la sita huko Basotu, miaka ile tulipohamishwa kutoka kwenye maboma yetu yaliyotawanyika na kupangwa kwa mistari katika kijiji cha ujamaa. Zamani jirani yetu alikuwa mbali, hata mama akitaka kuazima kinu ilikuwa safari. Sasa jirani akikohoa, baba aliitikia "pole" akiwa kitandani mwake. Wazee waliona haya kuishi hivyo, lakini sisi watoto tulifurahi kwa sababu shule ilikuwa karibu.

Mwalimu Kasiani aliletwa hapo kutoka Bukoba. Alikuwa mrefu, mpole, mwenye kaptula zilizonyooshwa vizuri na sanduku la vitabu lililokuwa zito kuliko la nguo. Katika vitabu hivyo kilikuwamo kimoja kuhusu watu wa Marekani wa zamani, nacho alikipenda kuliko vyote. Alitueleza taratibu, akitembea kati ya madawati, kwamba watu hao walichoka kuambiwa na wengine Mungu yuko wapi, wakaenda kumtafuta wenyewe msituni. Waliamini kwamba kila mtu, hata mtoto, ana nuru ndani yake inayomwonyesha ukweli kabla hajafundishwa. Jani moja, ukilitazama vizuri, ni kitabu kizima. Na moyo wako ukikuambia jambo, ulifuate hata kama kijiji kizima kinasema lingine.

"Kila mmoja wenu ana redio yake ndani," alisema. "Shida yetu ni kwamba tunasikiliza redio ya jirani."

Tulicheka, maana kijijini redio ilikuwa moja tu, ya balozi wetu wa nyumba kumi, Mzee Boay, na sote tuliisikiliza hiyo hiyo. Mzee Boay mwenyewe alimpenda mwalimu. Aliposikia anafundisha habari za kujitegemea katika mawazo, alidhani ni siasa, akamsifu mkutanoni na kumpa jogoo.

Shule ilipofungwa, walimu wengine walirudi kwao. Mwalimu Kasiani hakwenda. Alijenga kibanda cha miti na nyasi kando ya ziwa, mbali na nyumba zetu, akahamia huko na sufuria moja, debe la maharage na vitabu vyake. Alitaka kuishi peke yake likizo nzima, asikilize ndege na upepo, aone kama yale aliyoyasoma ni kweli.

Hapa inabidi niwaeleze jambo la kwetu. Sisi Wairaqw tuna metimani. Mtu akifiwa na mke au mtoto, au mama mimba ikiharibika, hukaa kando na watu kwa miezi. Hashiki mkono wa mtu, haingii nyumba ya mtu, ana njia yake na mahali pake pa kuchota maji. Si adhabu. Watu wanamwachia nafasi mpaka kifo kimtoke mwilini, na anayekula naye huingia naye metimani, yeye na nyumba yake yote. Tulikuwa Wakristo, tukisali kila Jumapili, lakini metimani ilikuwa metimani.

Sasa fikirini kijiji hicho kinamwona mtu aliyehama nyumba yake, anayejipikia, anayechota maji peke yake upande wa pili wa ziwa, na akikutana na watu anatabasamu kwa upole bila kusogea karibu. Hakuna aliyeuliza, maana huulizi. Kila mtu alijua tu kwamba barua ya msiba imefika kutoka Bukoba. Mama alisema, "Maskini, mtoto wa watu, amefiwa ugenini." Kina mama wakahamisha njia yao ya kuni ili wasimsumbue. Mzee Boay akakataza ng'ombe wasipite huko.

Mimi peke yangu ndiye niliyejua. Siku moja nikitafuta ndama nilimkuta ameketi mlangoni kwake akiandika kwenye daftari. Nilisimama mbali kwenye jiwe kubwa la njiani.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba, Paskalina. Mbona husogei?"

Nikamuuliza kama amefiwa. Akacheka sana. "Sijafiwa na mtu. Nimekuja kuishi tu. Njoo ule."

Nikasogea, nikala. Maharage yalikuwa na chumvi kidogo na harufu ile ya udongo. Nilirudi siku nyingine, na nyingine tena. Aliniambia kwamba hajawahi kukaa na watu wenye adabu kama wa kwetu, maana kwao Bukoba wangeshakuja kumtoa huko kwa nguvu. Ningeweza kumweleza. Lakini nilipenda kuwa na mwalimu peke yangu, na nilijua akielewa atarudi kijijini kesho yake.

Wiki ya nne nilimkuta ndani, amelala, amejifunika blanketi mbili mchana wa jua. Niliogopa kuingia. Alisema kwa sauti ndogo, "Paskalina, nina homa kali. Waambie watu waje."

Nilikimbia mpaka nyumbani. Mama alikuwa anachambua mtama na dada yangu Marselina, aliyebakiza wiki tatu aolewe.

"Mama, mwalimu anaumwa."

"Umemwonea wapi?"

"Kwa mbali. Kwenye jiwe."

"Haya. Nitampelekea maziwa njiani. Zaidi ya hapo hatuna ruhusa, mwanangu. Unajua."

Nilijua. Nilijua pia kwamba ningesema "hajafiwa, ameniambia mwenyewe, nimekula kwake mara tano," moja kati ya mawili lingetokea. Wangeniamini, wangekwenda kumbeba. Au wasingeniamini, maana nani anamwamini mtoto mbele ya kijiji kizima, na hapo nyumba yetu ingeingia metimani na harusi ya Marselina ingekufa. Moyo wangu ulisema, "Sema." Uliniambia wazi, kama alivyofundisha. Nikachukua ungo, nikamsaidia mama kuchambua mtama.

Mama aliweka kibuyu cha maziwa juu ya jiwe. Kesho yake kilikuwa palepale, kimejaa sisimizi. Siku ya tatu Mzee Boay alituma mtu kwa dresa wa zahanati, Mwislamu kutoka Kondoa, ambaye metimani haikumhusu. Dresa alifika siku ya tano kwa baiskeli, akapita jiwe bila kusimama, akaingia. Alipotoka alitukuta tumesimama kwenye jiwe, akasema mwalimu amekufa.

Alituuliza, "Nani aliwaambia mtu huyu ana msiba?"

Watu walitazamana. Kweli hakuna aliyekuwa amesema. Mzee Boay alijibu kwa heshima, "Tulimwachia nafasi yake, bwana mganga."

Marselina aliolewa. Ana wajukuu sasa, na kila tukikutana hunikumbusha jinsi harusi yake ilivyopendeza.

Kuna wakati nilijaribu kumlaumu mwalimu na vitabu vyake. Mtu gani anakwenda kutafuta upweke kwa watu ambao kwao upweke una maana moja tu? Kuna wakati nililaumu mila. Nimezeeka, nimeacha vyote viwili. Mila ingefunguka kwa neno moja, na yeye alinifundisha jinsi ya kulisema. Mtu mmoja tu katika Basotu nzima ndiye aliyelijua neno hilo, naye alikuwa na ungo mkononi.

Siku ile dresa alitoka na daftari la mwalimu, akampa mama alitunze. Nyumbani kwetu aliyejua kusoma vizuri ni mimi, kwa hiyo nilipewa. Kurasa zilijaa ndege na mawingu. Mahali fulani alikuwa ameandika, "Watu hawa wananielewa kuliko wote niliowahi kuishi nao." Ukurasa wa mwisho mwandiko ulikuwa umelegea, na ulikuwa na mstari mmoja: "Nimemwambia Paskalina. Watakuja."

"Ameandika nini?" mama aliniuliza.

"Masomo, mama," nikasema, nikalifunga.