Bembea Nyuma ya Nyumba Yetu Bondeni

Nilipokuwa mtoto wa miaka tisa sikujua kukaa mahali pamoja. Mama alisema nina siafu miguuni. Tuliishi Bondeni, Nakuru, katika nyumba za safu, chumba kimoja na jiko la nje, na nyuma yake kiwanja kidogo cha vumbi kilichopakana na ua wa jirani yetu, Mama Wanjiru. Ilikuwa miaka ile ya hali ya hatari, kabla ya uhuru. Askari walikuwa wamemchukua mume wa Mama Wanjiru asubuhi moja na hakuwa amerudi, na sisi watoto tuliambiwa tusiende sokoni wala tusiende kuchungulia ziwa. Tukabaki kuchezea barabarani mbele ya nyumba, hadi siku lori la mkaa lilipomgonga mtoto wa safu ya tatu na kumvunja mguu.

Jioni hiyo Baba, aliyekuwa seremala katika kiwanda cha mbao, alisikia habari hizo akaenda moja kwa moja nyuma ya nyumba. Alisimama akipima kwa macho.

"Watoto watachezea hapa," alimwambia Mama. "Kila mtu atawaona."

Kila siku akaja na vipande vya mbao begani. Alianza na ubao wa kupandana, watoto wawili huku na huku. Kisha akatengeneza sanduku la mchanga, mchanga ambao aliuchekecha mwenyewe kuondoa vigae na misumari. Mbao zote alizipiga randa na kuzikata kona, halafu akafumba macho na kuzipapasa kwa kiganja, akitafuta kibanzi ambacho kingetuchoma. Kilichobaki kilikuwa bembea: tairi kuukuu, kamba nene na nguzo mbili za mti wa bluugamu. Hiyo bembea ndiyo niliyoitaka mimi. Mengine yote yalikuwa ya kungojea tu.

Wakati huo Kukhu, mama yake Baba, alikuwa amekuja kwa treni kutoka kijijini kwetu Kabras kumwona mdogo wangu Barasa, mtoto wa miaka minne aliyesumbuliwa na kifua. Kwa desturi zetu mama halali katika nyumba ya mwanawe, kwa hiyo alilala kwa Mama Wanjiru, ambaye alifurahi kupata mtu wa kukaa naye. Kila asubuhi Kukhu alivuka kuja kwetu na kigoda chake.

Siku ya kwanza alipovuka, alisimama ghafla katikati ya kiwanja akapiga ardhi kwa kisigino. Dum. Akasogea hatua mbili, akapiga tena. Dum. Akaenda karibu na choo, akapiga. Pale ardhi ilinyamaza.

"Wafula," alimwita Baba. "Hapa mahali pana mwenyewe."

"Mwenyewe ni manispaa, Mama," Baba akacheka.

"Sisemi huyo wa karatasi. Nasema aliye chini. Humsikii anavyoitika? Na tazama kuku, wanaparua kila mahali isipokuwa hapa. Ukimrusha mtoto juu ya kichwa chake, atamtaka."

Baba hakucheka tena, lakini sikuona kama ameamini. Kukhu alibeba mawe matatu makubwa ya jiko la zamani la Mama Wanjiru, akayapanga pale katikati na kuyazungushia majivu. Akatuambia mtu asiyaguse.

Ubaya ni kwamba bembea haikuwa na mahali pengine. Ukiiweka upande huu, mtoto angejigonga ukutani. Upande ule, kwenye choo. Mama alimwuliza Baba atafanya nini.

"Siondoi mawe ya mama yangu," akasema.

Basi nguzo zikalala kando ya ukuta wiki moja, kisha ya pili. Mimi nilizizunguka. Nilizikalia, nikazipima kwa hatua, nikaenda shuleni nikiziwaza na kurudi mbio kana kwamba zingejisimamisha zenyewe.

Jumapili moja Mama na Kukhu walienda kanisani. Baba alikuwa ametoka kumjulia hali rafiki yake, na mimi niliachwa na Barasa kwa sababu alikuwa akikohoa. Sikukaa hata dakika kumi. Niliyainua mawe moja moja, nikayakumbatia tumboni, nikayaficha nyuma ya choo. Majivu niliyafagia. Baba aliporudi alisimama akitazama pale mahali.

"Nani ameyaondoa?"

"Kukhu," nikasema. "Amesema unaweza kuweka bembea."

Neno lilinitoka kabla sijalifikiria. Uso wa Baba ulichangamka, akavua koti lake la Jumapili papo hapo. Alichimba haraka. Namkumbuka akisema, huku akifuta jasho, kwamba ardhi hii ni laini kama unga.

Kukhu aliporudi kutoka kanisani alisimama pembeni mwa nyumba. Aliyatazama mashimo ya nguzo, akamtazama mwanawe. Nilingoja aseme. Lakini yeye hakuwa mama wa kumgombeza mwanamume mzima mbele ya mkewe na majirani. Naye Baba, akidhani amepewa ruhusa, akamtabasamia.

"Asante, Mama," akasema.

Kukhu aliingia kwa Mama Wanjiru.

Watoto wa safu nzima walikuja. Tairi lilipaa mpaka ukaweza kuona mabati ya Bondeni na, kwa mbali, mgongo wa mlima wa Menengai. Ilinipasa kufurahi. Lakini Kukhu alileta kigoda chake karibu na nguzo, akakaa hapo kutwa, akala hapo, macho yake yakiwa chini na si kwetu. Nilipanda nikashuka, nikapanda tena nikashuka. Mara nyingi nilimwendea Baba nikitaka kusema, kisha nikamwomba maji ya kunywa.

Mvua za masika zikaanza. Siku ya tatu zilikatika kidogo alasiri, nasi tukatoka mbio. Barasa aliwahi tairi, mimi nikawa msukumaji. Kukhu alikuwa amesimama.

"Nekesa! Maji yanaenda wapi?"

Nilitazama. Maji ya paa, ambayo siku zote yalikimbilia mtaroni, sasa yalipinda kwenye nguzo, yakazunguka, yakaingia ardhini kwa sauti kama ya mtu anayefyonza uji.

"Mtoe mtoto!"

Miguu yangu isiyotulia iligoma siku hiyo. Nilisimama nikikodoa macho. Kukhu alitupa kigoda, akakimbia, mwanamke mzee yule, akamchomoa Barasa ndani ya tairi na kunirushia. Tulianguka wote wawili matopeni. Nilipoinua kichwa nguzo zilikuwa zinainama. Ardhi ilifunguka bila kelele nyingi, na Kukhu akazama mpaka kwapani, ameshika kamba.

Nilipiga mayowe. Mama Wanjiru aliruka ua, Mama akaja na mikono ya unga. Walilala kifudifudi, wakafunga leso mbili pamoja, wakampitishia mgongoni na kuvuta. Huku wakivuta tulisikia udongo ukianguka chini yake, ukianguka kwa muda mrefu kabla ya kufika.

Alitoka hai, nyonga imevunjika. Baba aliporudi kutoka kazini alikuta shimo ambalo lingemeza kitanda na meza yetu, na tairi halionekani. Aliketi chini kwenye matope na nguo zake za kazi.

Kukhu alilala kwa Mama Wanjiru majuma mengi. Siku moja nilimpelekea uji nikiwa peke yangu.

"Nekesa," akasema, "mawe yangu uliyapeleka wapi?"

Nilianza kulia. "Nyuma ya choo."

"Mazito yale. Hukuumia mgongo?"

Akapokea uji, akanywa. Hakunitajia tena.

Baba alijaza shimo kwa mawe, akavunja ubao na sanduku la mchanga, akazigawa mbao kuwa kuni. Kisha alimrudisha mama yake nyumbani kwa treni, Kukhu akitembelea mkongojo. Kukhu alifariki kabla sijamaliza shule.

Nilikuwa nimeshazaa na kulea nilipomwambia Baba. Tulikuwa tumeketi kwake Kabras, anamenya mahindi, naye amezeeka. Nilimwambia kwamba Kukhu hakuondoa mawe yale, ni mimi.

Mikono yake ilisimama.

"Lakini nilimwuliza," akasema. "Ndani ya treni, nilipokuwa namrudisha. Nilimwuliza, Mama, kama ulijua, mbona uliyaondoa? Akaniambia alichoka kuwaona watoto wamekaa bure."

Nilichukua hindi moja nikaanza kulimenya.

"Nimemkasirikia miaka yote hii," Baba akasema. "Si sana. Kidogo tu. Hata siku tulipomzika."

Aliweka hindi chini, akatoka, akaenda upande wa makaburi. Nilimwacha aende peke yake.

Siku hizi wanaojua mambo ya ardhi husema Nakuru imekalia majivu ya volkano na nyufa, na maji yakipata njia huchimba chini bila mtu kujua. Nakubali. Huenda Kukhu naye alikuwa akisoma maji na kuku, kisha akakipa alichosoma jina alilolijua. Huenda pia palikuwa na mwenyewe. Jambo hilo halinisumbui. Linalonisumbua ni safari ile ya treni: mwanamke ameumia kwa sababu ya uongo wangu, mwanawe anamwuliza, naye anautazama uongo huo, anautambua ni wa nani, na anaufanya wake. Alikubali mwanawe amwone mzembe ili mimi nisiguswe. Sikumwomba, na hakuniambia. Nimezeeka sasa, wajukuu wangu wanacheza nje, na bado kila ninapokumbuka hilo nainuka kwenye kiti na kuzunguka nyumba.