Filamu ya Cucu Isiyo na Sauti

Mwanangu, ipo asubuhi moja ambayo hunijia kila nikifumba macho. Ilikuwa miaka ya mwanzo ya uhuru. Ukungu ulikuwa umeshuka kutoka mlimani hadi kijijini kwetu Ruring'u, na nyanya yangu, Cucu, alikuwa ameketi kwenye kigoda nje ya jiko lake, akimenya nduma. Mimi nilikuwa kijana mtengeneza filamu, nimetoka Nairobi na kamera ya kuazima. Na kule kujivuna kwangu, usiniulize!

Nilitaka kutengeneza filamu ya ukoo wetu. Babu alichukuliwa na askari wa mkoloni wakati wa vita vya msituni, asirudi. Cucu peke yake ndiye aliyejua alikozikwa, na miaka yote hiyo hakumwambia mtu. Mimi alikubali kuniambia, kwa sababu ndimi niliyepewa jina la babu. Kwa desturi yetu ya Kikuyu alikuwa hata akiniita mume wake, na kunigombeza kama mume.

Kamera ile haikunasa sauti. Maneno, nilijiambia, nitayaandika baadaye. Basi Cucu akaanza kusimulia, polepole, na mwanga ukapenya ukungu ukamwangukia shavuni. Lo, uso ule! Nikasahau kila kitu kingine. Nilizungusha lenzi, nikasogea, nikapiga goti kwenye umande. Machozi yakamtoka, nami nikafurahi kwamba nimeyapata. Naona aibu kukwambia, lakini nilifurahi.

Kisha wingu likafunika jua.

"Cucu, hebu anza tena," nikamwambia. "Mwanga umeharibika."

Akaacha kumenya. "Ati nianze tena? Mume wangu, kwani hukuwa unasikia?"

Nikajaribu kukumbuka hata jina moja la mto au kijiji. Sikupata.

"Hiyo nimesema mara moja," akasema. "Sina nguvu ya kumzika tena." Akabeba nduma zake akaingia ndani.

Nilijipa moyo kwamba ningerudi Krismasi nimwombe msamaha. Alifariki kabla mvua za vuli hazijaisha.

Filamu ninayo. Nimeitazama hapa nyumbani kwangu Skuta mpaka naota nimo ndani yake, ukungu umenizunguka, midomo yake inacheza, nami nainama karibu, karibu zaidi. Sisikii kitu. Babu yangu hajulikani alipolala, na mwenye kosa ni mimi.

Nasikia nawe umepata kamera na unataka kunihoji. Njoo, mwanangu. Ila siku ya kwanza njoo mikono mitupu. Keti unisikilize mpaka uweze kunirudishia maneno yangu mwenyewe. Picha tutapiga siku nyingine, na nikifa kabla ya siku hiyo, hutakuwa umekosa kitu. Mzee akilia mbele yako, weka chombo chini umshike mkono. Ngai akubariki, akupe macho mazuri ya kazi yako, na watu wako wanapokuambia jambo, akujalie ulisikie wakati bado wanalisema.