Mvi za Hawe

Kanze wa Kisauni alianza na mabibi harusi, na laiti angeishia hapo! Alikuwa akiwachora piko mikononi na kuwapaka wanja, mpaka watu wa tamthilia wakaja kutafuta mtu wa kuwapamba waigizaji. Mwaka wa sita huu. Ukitaka kidonda, atakutengenezea; jicho lililovimba, hali kadhalika. Lakini kipaji chake hasa ni uzee. Mpe msichana na saa tatu, atakurudishia ajuza.

Basi mwongozaji wao Brandon, kijana wa Nairobi, akataka mchawi. Katika hadithi yao, usiku ni kikongwe, mchana hujigeuza msichana mbichi.

"Sitaki mchezo, Kanze. Nataka watu waogope."

Kanze akafungua simu, akatafuta picha za bibi yake mzaa baba, aliyemrithisha jina. Humwita Hawe, Kigiriama hicho. Wallahi alimnakili mkunjo kwa mkunjo: mvi, macho yaliyoiva kwa moshi wa kuni, hata chunjua kando ya pua. Uso ule aliupenda, ndiyo maana aliujua. Gladys, mwigizaji, alipotoka chumbani watu walipiga makofi, na Kanze akavimba kichwa. Mwanadamu!

Hakukumbuka Hawe anaishi wapi. Kule mashambani, nyuma ya Kisauni, mzee mwenye mvi hulala roho mkononi. Mwaka juzi tu, jirani yao mzee Tsuma alikatwa mapanga akiitwa mchawi, na kosa lake lilikuwa nywele nyeupe.

Kipindi cha tatu kilipoonyeshwa, binamu yake Chengo, anayekaa boma moja na Hawe, akapiga simu.

"Dada, watu wanasema wamemwona Hawe kwenye tivii. Hawamsalimii tena. Jana tumerushiwa mawe juu ya paa."

Kanze akamwendea Brandon akilia. Akaambiwa vipindi vyote vimesharekodiwa na kituo kimeshavichukua. "Pole sana, lakini uso ule ndio watu wanaoungojea." Maji yakimwagika hayazoleki.

Alishika njia na pakiti mbili za piko. Hawe hana tivii, hakuelewa lolote. Kuhama pia alikataa, kaburi la mumewe liko pale.

"Mvi zangu zimekukosea nini, somo?"

"Niachie tu, Hawe. Nakuomba."

Akampaka kutoka utosini mpaka kisogoni, machozi yakimtiririka. Alipomsuuza akaitazama kazi yake. Nywele nyeusi tititi! Hawe alipungua miaka thelathini, na Kanze akashusha pumzi kwa mara ya kwanza wiki ile.

Hawe akatoka uani kuzianika juani. Ng'ambo ya ua, mtoto wa jirani akaacha mchezo wake.

"Mama! Njoo uone! Amejigeuza, kama kwenye tivii!"

Mama akachungulia. Akamvuta mwanawe ndani, na komeo likasikika likipita. Chengo, aliyekuwa akipasua kuni, akaweka shoka chini na kumtazama Kanze, na Kanze akaitazama mikono yake iliyojaa piko. Ee Mungu, sasa afanye nini tena?

Hawe alikuwa bado ameinua mkono kuwaamkua majirani.

"Somo," akauliza, "mbona hawaitiki?"