Kalenda ya Lulumbi, Nchi Isiyokuwapo

Nakumbuka asubuhi moja niliyotoka Likoni bila kujua niendako. Nilikuwa na kikoi, shati la kubadili na viatu vilivyokwisha kuachama mbele. Nilivuka feri pamoja na watu wa kazini, wao wakiwahi kazi zao, mimi nikiwahi popote. Shule niliiacha mapema, mwanangu, lakini kuuliza sikuacha hata leo. Na kilichonitoa nyumbani siku ile si wizi wala ugomvi. Ni kalenda.

Juzi ulinionyesha nchi unayoibuni kwenye simu yako, na majina ya miezi yake, ukadhani mzee atacheka. Sikucheka, kwa sababu nami nilikuwa na nchi yangu. Nilikuwa nikiiita Lulumbi. Angani kwake mwezi ulikuwa na nduguye wa rangi ya manjano ya kupikia. Mwaka wake ulianza kwa mvua ya kwanza. Palikuwa na Mwezi wa Milango Wazi, ambao kufunga mlango ni ufidhuli, na Mwezi wa Kunong'ona, ambao vijana hushusha sauti ili wazee wasikike. Idi yao ilikuwa siku ile mwezi na nduguye wanapokutana.

Laiti ningeishia kuwaza. Niliwasimulia watoto wa mtaa, nikawaambia kwamba Idi ya Lulumbi itakuwa Jumatano. Basi Jumatano hiyo, katikati ya Shaaban, mama zao wakiwa jikoni, watoto walitoa kanzu na magauni ya Idi masandukuni, wakapita nyumba hadi nyumba wakidai mkono wa Idi. Mmoja alirudi kwao na kanzu mpya imelowa sharubati ya ukwaju. Nguo zile zilikuwa zikingoja Idi ya kweli. Kabla ya adhuhuri kina mama walikwisha kujaa mlangoni kwa ami yangu, ndugu wa baba, aliyenilea.

Ami hakunipiga, heri angenipiga. Alivua kofia, akaipakata, akaniambia taratibu, "Mungu aliumba mwezi mmoja ukamtosha. Wewe ni nani hata uongeze wa pili?" Akasema hiyo ni kufuru.

Sikufukuzwa. Nilijifukuza mwenyewe kwa hofu. Lile neno lilinikaa kifuani wiki mbili, nikawa sithubutu hata kutazama juu. Nikaona mtu kama mimi asiingie Ramadhani katika nyumba ya watu wema.

Mtembezi hula miguu yake. Nilipita Makupa, nikapita Changamwe na Mikindani, na kila penye fundi au muuzaji nilisimama kuuliza hiki ni nini na kile hufanywaje. Nikiuliza, hofu hulala. Nikiondoka, huamka. Alasiri ikanikuta Jomvu Kuu, sipajui wala sijulikani.

Kwenye baraza ya nyumba moja palikuwa na bibi akichambua mchele wa Ramadhani. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akaniuliza mimi ni wa nani. Nikasema wa Likoni.

"Likoni si jina la mtu," akasema, akanisogezea ungo.

Huyo ndiye Bi Mwanasha. Mikono ikiwa kazini mdomo hufunguka, na mchele haujafika nusu nilikuwa nimemweleza yote, Lulumbi, Jumatano, kanzu na ile kufuru. Alisikiliza bila kuinua macho.

"Huo mwezi wako wa pili, umeusujudia?"

"La, bibi."

"Watoto umewaambia wausujudie?"

"La. Niliwaambia ni hadithi."

"Basi ni hadithi. Sungura anasema katika hadithi tangu enzi za nyanya yangu, wala hatujamngoja msikitini."

Wallahi, mwanangu, nilikuwa kama hamali aliyetuliwa gunia. Nilicheka hata machozi yakanitoka, nikasingizia vumbi la mchele.

Lakini hakuniachia hapo. Aliniuliza, huko Lulumbi nani huutazama mwezi? Nikajibu kwa majivuno kwamba hakuna haja ya kutazama, kila siku imekwisha kupangwa, Idi yajulikana hata ya miaka mia mbele. Bi Mwanasha akaacha kuchambua.

"Nchi hiyo ina ukiwa," akasema. "Hakuna anayemuuliza jirani, je, umeuona? Ndiyo maana watoto wamekula Idi na mama zao hawana habari. Siku kuu haitangazwi na mtu mmoja."

Nikainama. Hilo ndilo lilikuwa kosa langu, na ami hakuliona.

Jioni ile ilikuwa ya tarehe ishirini na tisa, jioni ya kungoja mwezi uandame au usiandame. Watu walitoka, wakubwa kwa wadogo, wakatazama magharibi, na wingu limetanda. Ndipo nilipokumbuka kwamba sina pa kulala. Nikamwambia Bi Mwanasha kwa haya kwamba huenda kesho ni mfungo, nami sitaki kuwa mzigo.

"Mwezi ukionekana, utaamshwa ule daku nasi," akasema. "Usipoonekana, kesho utakula mchana nasi. Kitanda ni kile kile."

Wanawe wakanitandikia ukumbini. Yeye akamwagiza mpwawe, mfanyakazi wa ferini, ampelekee ami salamu zangu za kuomba radhi. Jibu lilikuja baadaye, kwamba nirudi nifuturu. Lakini usiku ule sikuwa na jibu lolote. Nilijinyoosha nikiwasikia nje wakibishana kama ule ni mwezi au ukingo wa wingu, na mara ya kwanza tangu Jumatano ile ya watoto sikuiogopa kesho.

Basi mwanangu, endelea kubuni. Akili ni nywele, na kuwaza si kufuru. Ila katika kalenda yako acha siku moja isiyo na tarehe, siku isiyoweza kuingia mpaka mtu atoke nje amuulize jirani. Na ukiwapa watoto wa watu furaha, wape mama zao habari kwanza.

Mungu akupe siku zenye watu ndani yake. Na popote miguu itakapokutupa, akukutanishe na mtu anayechambua mchele barazani, akusogezee ungo.