Nyumba ya Pili ya Baba

Nianze na aibu yenyewe, maana mukiisikia kwa Bea mdogo wangu ataitia chumvi, na chumvi iliyomo tayari inanitosha: nilichukua majivu ya jikoni, ndoo nzima, nikamchorea baba yangu mzazi nyumba ya wafu nyuma ya nyumba yake mpya. Ya wafu! (Sikujua. Naapa sikujua. Nilidhani ninachekesha watu, na kuchekesha watu ndiyo kazi yangu kubwa, shule inafuata nyuma.)

Baba ni karani wa mizani kwenye kituo cha pamba hapa Kasongo. Watu wanakuja na vikapu kutoka mbali, yeye anapima, anaandika, anapiga hesabu kichwani kabla mwenye pamba hajafuta jasho, na mtaa mzima unamwita Bwana Kilo. Basi mwaka ule ukaja mkopo wa nyumba kwa makarani: unajenga kwa matofali ya kuchoma, unaezeka kwa bati, halafu wanakukata kidogo kidogo kwenye mshahara mpaka miaka ishirini iishe. Siku baba alipotia sahihi alirudi nyumbani kifua mbele, kofia mkononi ili watu wamwone uso vizuri.

"Mama Feliksi," alisema (Feliksi ni mimi), "faranga elfu makumi tatu! Na interesi, ile ya kuwaongezea juu, iko nane kwa mia tu. Elfu mbili na mia ine, basi. Kwa mwezi wananikata mia mbili makumi tano na moja. Hiyo nayo ni feza?"

Mama alipiga vigelegele mpaka kuku wakakimbia. Nyumba yetu ya udongo ilikuwa inavuja vibaya, tulikuwa tunajua kila sufuria inalia sauti gani tone likiingia.

Mkopo ulikuja vipande viwili. Nusu ya kwanza ilitoka, kuta zikasimama, nyekundu, zimenyooka, watu walikuwa wanapita kuzigusa. Nusu ya pili, ya mbao na bati, ingetoka siku Ajenti wa serikali, mzungu, atakapokuja kukagua kuta na mdhamini atakapotia sahihi yake mara ya pili. Mdhamini alikuwa Mzee Ramazani, mwenye duka la nguo katika mtaa wa Waislamu, mtu aliyemjua baba tangu baba hana meno ya mbele. Bila sahihi yake hakuna bati, na kiangazi kilikuwa kinaelekea mwisho.

Sasa Jumatatu ya juma lile la ukaguzi, Furere, mtawa anayetufundisha hesabu, akaingia kwenye somo la interesi, na mimi nilikuwa natengeneza ndege ya karatasi, sikuwa na habari naye, mpaka aliposema neno moja ambalo baba hakulisema hata mara moja. Alisema: kwa mwaka. Nane kwa mia kwa mwaka. Ndege ikaniponyoka.

Nilipofika nyumbani nilifungua kopo la biskuti ambamo baba anaweka karatasi zake, nikausoma ule mkataba. Ulisema wazi kabisa, miezi mia mbili na arobaini, faranga mia mbili hamsini na moja kila mwezi. Nikazidisha. Nikazidisha tena. Mara ya tatu nilizidisha polepole kama mtu anayevuka daraja bovu, na jibu likawa lile lile: faranga elfu sitini na mia mbili na arobaini. Nyumba ya elfu thelathini! Halafu nikatazama mwezi wa kwanza peke yake, nikaona kwamba katika zile mia mbili hamsini na moja, mia mbili kamili ni interesi, na hamsini na moja tu ndizo zinazoingia kwenye nyumba. Nikaendelea mpaka miezi kumi na miwili: baba atakatwa zaidi ya elfu tatu, na deni litakuwa limepungua mia sita na thelathini na kitu. Mwaka mzima wa kupima pamba juani, na kilicho chetu ni mlango na labda dirisha.

Mtoto mwenye akili angemngojea baba arudi kutoka kazini amwambie. Mimi nilicheka. Nilicheka peke yangu jikoni mpaka machozi, kwa sababu Bwana Kilo amekosea kilo, na kwa sababu wazo lilikuwa limenijia, na wazo likinijia mimi ni kama kuhara, halingoji. Tunalipa nyumba mbili! Tunaiona moja! Ya pili iko wapi?

Nikaenda nyuma ya kuta mpya, ambako watoto tu ndio wanapita, na ndoo ya majivu. Nikapima kwa hatua, urefu ule ule, upana ule ule, sebule, vyumba viwili, mlango ukitazama mlango wa ile nyingine. Bea (ana miaka saba, ananiita yaya, yaani kaka mkubwa, na anaamini kila kitu) akaja akasimama na kidole mdomoni.

"Yaya Feliksi, iko nini hii?"

"Nyumba ya pili ya baba. Ataikatia mshahara miaka makumi mbili."

"Nani analala humu?"

"Wale hawaonekane," nikamwambia kwa sauti ya puani. "Usipite kwenye ukuta wao. Piga hodi kwanza."

Alipiga hodi. Hapo nilitaka kucheka, lakini alisimama pale mbele ya mlango wa majivu akingoja, kichwa kimeinama upande, kisha akatabasamu na kuingia, taratibu, kama mtu aliyeitikiwa. Kicheko changu kikakwama njiani.

Kesho yake asubuhi nyanya, mama yake baba, alifika kutoka Wamaza kuiona nyumba ya mwanawe. Alizunguka kuta, alifurahi, akapita nyuma, akayaona majivu. Akasimama. "Nani amechora?" aliuliza, na kwa kuwa baba na mama walikuwa mbele na mimi nilikuwa nyuma ya mti wa mapapai nikijifanya mti, hakuna aliyemjibu. Hakuuliza tena. (Ningetoka saa ile, kisa kingeishia hapo. Sikutoka.)

Mchana wa siku hiyo nilirudi kutoka shule jua likiwa katikati ya kichwa, saa ambayo mtaa wote unanyamaza na hata kivuli chako mwenyewe kinakukimbia. Nikachungulia. Ndani ya ile nyumba yangu palikuwa pamefagiwa. Hapakuwa na jani wala kijiti, na mistari ya ufagio ilikuwa imelala sambamba toka ukuta mpaka ukuta, wakati nje ya majivu majani ya mpapai yamejaa vile vile. Na mlangoni kulikuwa na nyayo za miguu mitupu, nyingi, zote vidole vinaelekea ndani. Nilitafuta za kutoka. Nikazunguka nyumba nzima (kwa nje, sikuingia, munanionaje?). Hakukuwa na unyayo hata mmoja wa kutoka.

Nikamuuliza Bea kama amefagia. Akasema, "Sasa mimi nitafagia kwa watu?"

Siku ya tatu kukawa na mafiga matatu sebuleni na unga mweupe katikati, kiasi cha kiganja. Kuku wa jirani, wanaokula hata sabuni, walikuwa wanautazama ule unga kutoka nje ya mstari, hawauli. Watoto wenzake Bea wakaacha kucheza upande ule. Na mimi mwenyewe, niliyejenga nyumba hiyo kwa ndoo moja, nilijikuta nikitumwa maji nazunguka mbali kidogo, na Alhamisi nikiwa na haraka nikakata kona, mguu ukagusa majivu, na kabla sijafikiri mdomo wangu ulikuwa umeshasema "hodi". Nikangoja. Sijui nilingoja nini. Nikajiambia, Feliksi, futa haya majivu leo. Lakini kuyafuta ni lazima uingie ndani, na nyayo zilikuwa zimeongezeka, na zote zilikuwa zinaingia.

Ijumaa ndiyo ilikuwa siku ya ukaguzi. Ajenti alifika asubuhi na kofia yake nyeupe na mita ya chuma, Mzee Ramazani alifika na kanzu iliyopigwa pasi na kalamu yake mwenyewe mfukoni, na mtaa mzima ukaja kutazama, maana hapa kwetu mzungu akipima ukuta watu wanajaa kama panachezwa mpira. Baba alivaa tai. Ajenti alipima mbele, akapima ubavuni, akasema vizuri, vizuri sana, kisha akapita nyuma, na mita yake, na viatu vyake, akakanyaga katikati ya sebule ya majivu.

"Wewe! Toka!" Nyanya alipita katikati ya watu kama si mwenye magoti mabovu. "Umeingia kwa mutu bila hodi!"

Ajenti anakijua Kiswahili cha kuamrisha na kuhesabu, akatazama chini, akatazama mistari. "Hii nini? Nyumba ingine? Karatasi inasema nyumba moja!"

"Ni nyumba ya pili ya baba," Bea akajibu kwa adabu zote, mikono nyuma. "Analipa mbili. Hii ni ya wale hawaonekane. Yaya Feliksi alisema."

Watu wakasogea nyuma hatua moja, wote pamoja. Mzee Ramazani alikuwa tayari ametoa kalamu. "Mama," akamuuliza nyanya taratibu, "unajua maana ya mustari huu?"

"Kwetu Wamaza," nyanya akasema, "nyumba ya muzima wanaipima kwa kamba. Ya majivu ni ya mutu aliyekufa, ao ya ule anaenda kufa. Niliikuta hapa. Sikuuliza mara mbili, ukiuliza sana jina la mwenye kufa linatajwa. Nilifagia tu, nikaweka unga, nikatoka kinyumenyume, wale hatuwapi mugongo." Kisha akamgeukia baba, na sauti yake ikawa ya mtu mdogo. "Siku tatu hizi nakutazama ukikula, mwanangu. Nilikuwa naaga."

Nani alicheka? Hakuna. Nami nikaona kwamba nisiposema sasa, mzee huyu wa watu atamlilia mtoto wake aliye hai mbele ya mtaa mzima, basi nikatoka, nikaeleza. Nikaeleza yote: mia mbili arobaini mara mia mbili hamsini na moja, interesi kwa mwaka, mia mbili za kwanza, hamsini na moja za nyumba. Nikaandika mchangani kwa kijiti ili wote waone. Nilidhani nikieleza vizuri nitaokoka.

Ajenti akafuata tarakimu zangu kwa kalamu yake. Akafurahi, eti! "Hesabu iko sawa," akasema. "Mutoto iko na akili."

"Kwa mwaka?" baba akauliza. Aliuliza polepole, kama anaongea na mtu aliyesimama mbali.

"Kwa mwaka, ndiyo. Karatasi inasema."

Ndipo kutoka nyuma ya watu sauti moja, ya mkulima mmoja wa Lusangi aliyeleta pamba juzi yake, ikapaa juu: "Bwana Kilo! Na pamba yangu uliipima vile vile?"

Hapo walicheka. Ee, walicheka! Kile kicheko nilichokuwa nakitafuta tangu Jumatatu kilikuja chote kwa mara moja, na kilimwangukia baba. Alisimama wima, alikuwa anatazama zile tarakimu zangu mchangani, na midomo yake inacheza kidogo, anazidisha.

Mzee Ramazani alifunga kalamu. "Ndugu yangu," akamwambia, "mimi niko na miaka makumi sita. Unaniomba makumi mbili mbele, na riba ndani yake, ile sikuijua siku ya sahihi ya kwanza. Niwe chini ya udongo na jina langu liko huku juu linasimamia riba? Na leo ni Ijumaa. Unisamehe." Akaondoka, na alipofika kwenye majivu akazunguka mbali.

Bati halikuja. Juma lililofuata baba alienda ofisini mwenyewe, mkataba mkononi na daftari langu kwapani (alilichukua bila kuniomba, nami sikuthubutu kuuliza), akaomba deni libaki kwenye ile nusu aliyoipokea, na muda upunguzwe uwe miaka kumi. Wakakubali. Anakatwa kidogo pungufu kuliko zamani, na ukijumlisha mpaka mwisho inafika elfu ishirini na mbili kasoro kitu, hiyo tuliihesabu pamoja, mimi na yeye, pasipo mtu kuinua macho. Juu ya matofali yetu mazuri tumeezeka majani. Watu wanapita, hawagusi kuta tena. Kituoni, wenye vikapu wanaomba apime mara mbili.

Hakunipiga. Bora angenipiga. Na mimi majivu sishiki tena, hata ya jikoni anayatoa Bea, na wazo likinijia siku hizi nalilaza kwanza.

Lakini siku ile ile ya ukaguzi, watu walipotawanyika, mama alinishika mkono akaniingiza ndani ya kuta mpya, akanisimamisha pale panapotakiwa kuwa sebule, mbingu yote iko juu yetu. Nilingoja kofi. Akasema hivi, na sijaongeza neno: "Hesabu yako iko sawa. Lakini siku ingine ukiona baba yako amekosa, umuambie ndani ya nyumba, hata kama nyumba yenyewe haina bati."