Homa ya Mtoro

Mama Sindano alikuwa muuguzi kwa miaka ishirini na mbili, na katika miaka yote hiyo hakuwahi kuambiwa amponye mtu ili apigwe risasi. Jamani, hebu sikieni uchafu huo.

Mgonjwa mwenyewe alikuwa askari mtoro. Aliamriwa awafyatulie risasi watu waliopanga foleni ya maji, akaweka bunduki chini, akaenda zake kwa mkewe. Wakamkamata, mahakama ya jeshi ikamhukumu kifo kabla chai ya mahakimu haijapoa, kisha malaria ikamwangusha. Na sheria yao eti ina utu: mgonjwa hauawi mpaka chati ya joto ionyeshe amepona. Meja wao akaleta dawa nzuri kabisa, zilezile ambazo majeruhi waliambiwa zimekwisha.

Mama Sindano alimtibu hata hivyo, hakujua kufanya vingine. Siku ya nne homa ikashuka. Kwenye chati hakushusha kitu: thelathini na tisa asubuhi, thelathini na tisa na nusu jioni, anaandika roho mkononi, maana akigunduliwa na yeye amekwenda na maji. Akamwambia mgonjwa ajifunike gubigubi, na atetemeke akisikia buti. Yule bwana akacheka, akasema kutetemeka hakumpi shida, mahakamani alifanya mazoezi ya kutosha. Kila mtu alisema vita vinakaribia kwisha. Zilihitajika wiki mbili tatu tu.

Siku ya kumi na moja lori likaingia uani mwa hospitali na majeruhi kumi na tisa, na wabebaji wa machela walikuwa wawili tu. Mama Sindano alikuwa amepiga magoti, damu mpaka kwenye viwiko, machela ikampita mbio. Aliyeshika mbele ni yuleyule wa thelathini na tisa na nusu.

"Rudi kitandani, mwanangu," akamnong'oneza.

"Huyu anavuja damu, mama," akajibu, akapita.

Akaleta wa pili, akaleta wa tatu, jasho linamtiririka. Na huyu ndiye waliyemwita mwoga, mbwa wale!

Meja alikuwa amesimama mlangoni, mikono nyuma. Alimtazama mtoro akibeba, akaomba chati, akaisoma, akaitia mfukoni. Walinzi wake wakasogea kumkamata mtoro. Ndani ya lori walikuwa wamebaki majeruhi sita.

"Mwacheni amalize kwanza kubeba," Meja akasema. "Watu hawatoshi."